Nani Anakulipa, Bata Wangu?

Ilikuwa Jumanne ya mvua, saa moja na robo asubuhi, nimepiga magoti mbele ya mzee namvalisha soksi. Zile soksi ndefu za kubana, za kuzuia miguu isivimbe, ambazo kumvalisha mtu ni kazi sawa na kumvika mbuzi suruali. Huku nahangaika na kisigino nikamwambia, kwa sauti ya kawaida tu, kwamba daktari anataka alazwe siku mbili tatu kwa sababu ya kifua.

Akanidaka mkono. Ana miaka 93, vidole vimebaki mifupa, lakini siku ile nilivisikia mpaka jioni.

"Usinipeleke kule."

Nikadhani anaogopa hospitali, kama mtu yeyote mwenye akili zake. Nikamweleza kwamba ni ile kubwa ya mjini, na binti yake atakuja. Akatikisa kichwa, akanyoosha kidole dirishani kuelekea barabara ya sokoni. Huko kuna jengo la matofali mekundu, ghorofa tatu, madirisha madogo madogo. Siku hizi ni nyumba za kupanga. Vibarazani kuna vyungu vya maua na baiskeli ambazo bei yake inauzidi mshahara wangu.

"Bibi yangu alifia mle."

Halafu akauliza swali analoniuliza kila siku, asubuhi na jioni: "Nani anakulipa, bata wangu?"

(Msishangae. Huku Nottinghamshire, katikati ya England, mtu akikupenda, au akikuuzia tu mkate, anakuita bata. Wiki ya kwanza nilinuna. Sasa nami naita watu mabata.)

Nikamjibu kama ninavyomjibu siku zote. "Ni bure, Mzee. Usijali."

Uso ukamkunjamana. Siku zote ukikunjamana hivyo nilidhani hajanisikia, basi narudia kwa sauti kubwa zaidi. BURE, MZEE.

Swali hilo na jengo hilo vimenikaa kichwani miezi miwili sasa.

## Tunayoyasema garini

Sisi wa kazi za kea, yaani kutunza wazee majumbani mwao kwa mshahara, tunachangia gari. Tuko wanne: Mzimbabwe, Mkenya, Mnigeria na mimi Mtanzania. Tunabishana kuhusu muziki, wali na madhehebu, lakini kwenye jambo moja hatujawahi kupishana: hawa watu hawana undugu. Mtu anazaa, anasomesha, halafu mtoto anakuja Jumapili na keki ya dukani, anakaa saa moja na nusu, anatazama saa, anaondoka. Binti wa mzee wangu ndivyo afanyavyo. Nilishamhukumu kimoyomoyo tangu wiki ya kwanza.

Na hukumu yangu ilikuwa na ushahidi wa darasani. Waliosoma historia mpaka kidato cha sita wanajua ninachosema: ukabaila, mapinduzi ya kilimo, mapinduzi ya viwanda, ubepari. Mashamba yakazungushiwa uzio, watu wakamiminika mijini, viwanda vikavunja ukoo. Kwa hiyo mimi nilijua. Zamani Waingereza walikuwa kama sisi, babu na bibi na wajukuu chini ya paa moja, mpaka mashine za pamba zilipowatawanya.

Nilianza kusoma ili niithibitishe hadithi hiyo. Ikanifia mkononi.

## Watu wanne na kitu

Mwaka 1538 Thomas Cromwell, waziri wa Mfalme Henry VIII, aliamuru kila parokia iandike ubatizo, ndoa na maziko. Watu walinong'ona kwamba ni mtego wa kodi, na mimi ningenong'ona nao. Madaftari mengi bado yapo. Tangu 1964 kuna kundi la watafiti Cambridge lililokaa kuyahesabu, kwanza parokia 404, na wakayaweka pamoja na orodha za wakazi zilizosalia katika vijiji mbalimbali. Kilichotoka humo kilinikalisha chini.

Toka mwishoni mwa karne ya 16 mpaka mwanzoni mwa karne ya 19, nyumba ya Kiingereza ilikuwa na wastani wa watu 4.75. Baba, mama, watoto, pengine mtumishi. Babu na bibi mara nyingi hawamo.

Katika karne ya 17 wanawake waliolewa wakikaribia miaka 25 au 26, wanaume wakaoa na 27 au 28, kwa sababu kuoa maana yake ni kuanzisha nyumba yako, na nyumba inataka akiba. Kabla ya hapo kijana anatumikia nyumba za watu. Anatoka kwao angali tineja, anaajiriwa kwa mwaka, mwaka ukiisha anahamia kwa tajiri mwingine. Wazazi wanapozeeka, watoto wameshaondoka kitambo na wana njaa zao.

Yote hayo kabla ya injini ya mvuke kuzunguka hata mara moja. Kiwanda hakikuuvunja ukoo wa namna yetu. Hakikuukuta.

Basi nani alikuwa akiwavalisha wazee soksi?

## Undugu wa daftari

Parokia. Siku zile haikuwa kanisa tu, ilikuwa pia kama serikali ya kijiji.

Sheria ya Maskini ya 1601, mwishoni mwa enzi ya Elizabeth I, ilitaka kila parokia iteue wasimamizi wa maskini kila mwaka, watu wenye nyumba na mali zao, wakusanye kodi na kuwagawia vilema, vipofu, wazee na wengine wasiojiweza. Ndugu nao walitajwa: wazazi, babu na bibi, na watoto walitakiwa kutunzana kama wana uwezo. Lakini mtoto wa maskini naye huwa maskini, kwa hiyo mzigo ulirudi kwenye daftari la parokia.

Nilisoma kurasa za madaftari hayo usiku, baada ya zamu, chai ikipoa. Viatu vya mjane. Mzigo wa kuni. Shati. Posho ya wiki, shilingi moja hivi. Sanda. Bia ya waliobeba jeneza. Na kila baada ya kurasa chache, malipo kwa mwanamke fulani wa palepale kijijini, mara nyingi naye hohehahe, kwa kumkesha mgonjwa, kumfulia, kumwosha akishakufa.

Nikacheka peke yangu jikoni. Kea! Mwenzangu wa karne ya 17, na ameshapangiwa zamu.

Kwa siku kadhaa niliipenda sheria ile, nakiri. Jirani anayekatwa kodi anamjua kwa jina mjane anayelishwa nayo. Mjane akinyimwa, anakwenda kumlalamikia hakimu, na mara nyingine hakimu anaamuru apewe. Nikaanza hata kuitetea garini. Mkenya akaniambia nimeshakuwa bata kamili.

Kisha nikafika kwenye habari za mpaka.

Msaada ulikuwa wa wenyeji wa parokia tu. Sheria ya 1662 iliruhusu mgeni aliyepanga nyumba ya chini ya pauni 10 kwa mwaka arudishwe alikotoka, ilimradi malalamiko yapelekwe ndani ya siku 40. Si lazima awe ameomba chochote. Inatosha kudhaniwa kwamba ataomba. Waliokiona cha moto ni waja wazito wasio na waume, kwa kuwa mtoto wa nje ya ndoa alihesabiwa wa parokia alikozaliwa. Wasimamizi walikuwa radhi kumkimbiza mwanamke mpakani kabla uchungu haujamshika. Mimi ninayeishi hapa kwa viza sehemu hiyo niliisoma taratibu.

Na mwaka 1697 ikaja beji. Anayepokea msaada ashone begani, upande wa kulia, juu ya nguo, panapoonekana, herufi P kubwa pamoja na herufi ya kwanza ya jina la parokia yake, kwa kitambaa chekundu au cha buluu. Mke pia. Watoto pia. Si kila parokia iliitilia mkazo, lakini sheria ilibaki vitabuni mpaka 1810.

Hapo mapenzi yangu yakapoa.

## Matuta

Nyuma ya kijiji cha mzee kuna malisho ya kondoo. Jua la jioni likilala unaona ardhi ina mawimbi: matuta marefu, mapana, yamepinda kidogo kama herufi S iliyogeuzwa. Mama yangu analima viazi vitamu. Tuta nalijua nikiliona, hata likiwa limelala chini ya majani kwa karne kadhaa. Yamepinda kwa sababu plau ilikokotwa na maksai hata wanane, na msururu huo lazima uanze kukata kona kabla haujafika mwisho wa shamba.

Hapo palikuwa shamba la wazi, kila familia na vipande vyake huku na huku, na baada ya mavuno mifugo yote inaingia pamoja. Ukitaka kuona ilivyokuwa, nenda Laxton, hukuhuku Nottinghamshire: mashamba matatu makubwa yasiyo na uzio, baraza lao bado linakaa, na wazee wa jopo wanatembea mashambani mwishoni mwa Novemba kukagua nani amelima kupita mpaka. Aliyezidisha anatozwa faini.

Kwingine karibu kote palifungwa. Kati ya 1604 na 1914 Bunge lilipitisha zaidi ya sheria 5,200 za kuzungushia uzio, ekari milioni 6.8, zaidi kidogo ya moja ya tano ya England yote. Hadithi hiyo mnaijua, sitairudia. Kilichonikwama kooni ni yule aliyekuwa na kibanda, ng'ombe mmoja na bata bukini wachache, akiwalisha kwenye malisho ya wote kwa sababu hata mama yake alifanya hivyo. Kamishna wa ugawaji alipofika na ramani, mtu huyo mara nyingi hakuwa na hati ya kuonyesha. Hakunyang'anywa kitu chochote kinachoandikika.

Hata masazo. Mnamkumbuka Ruthu akiokota masazo ya masuke nyuma ya wavunaji wa Boazi. Wanawake maskini wa England walifanya hivyo kila mavuno, na unga wa masazo uliwavusha wiki nyingi za baridi. Mwaka 1788 kesi ya Mary Houghton wa Timworth, Suffolk, aliyeokota kwenye shamba la James Steel bila ruhusa, ilifika mahakama kuu mojawapo ya London. Majaji wakaamua kwamba hakuna haki hiyo katika sheria ya nchi. Jaji mmoja hakukubaliana na wenzake. Boazi angekuwa wa pili.

Ng'ombe akiondoka, kuni zikiondoka, masazo yakawa ya hisani, kinachobaki ni mshahara. Mshahara usipotosha, ni kwa msimamizi wa maskini. Tarehe 6 Mei 1795, mkate ukiwa ghali na nchi ikiwa vitani na Ufaransa, mahakimu wa Berkshire walikutana kwenye nyumba ya wageni ya Pelican huko Speenhamland wakapiga hesabu. Mkate wa ratili 8 na aunsi 11 ukiuzwa shilingi moja, kila mwanamume apate shilingi 3 kwa wiki, na shilingi 1 na peni 6 kwa ajili ya mke na kila mtegemezi mwingine. Mkate ukipanda, posho ipande. Mshahara usipofika hapo, parokia ijazie.

Bado sijaamua niwaone vipi mahakimu wale. Walizuia watu wasife njaa. Pia walimpa mwenye shamba sababu ya kulipa kiduchu huku akijua jirani zake watajazia kwa kodi. Gharama za maskini nchi nzima zilikuwa kama pauni milioni 2 kwa mwaka katikati ya miaka ya 1780. Kufikia 1818 zilikaribia milioni 8.

Walipa kodi wakachoka kuwajua wajane kwa majina.

## Ngazi

Siku yangu ya mapumziko nilipanda basi kwenda Southwell. Kuna jengo pale, limehifadhiwa kama makumbusho, lililojengwa 1824 kwa fikra za mchungaji mmoja, John Becher. Kiswahili hakina jina la kitu hicho, mahali maskini alipotakiwa kuhamia ndipo asaidiwe, nami nitaita nyumba ya kazi, ingawa kazi haikuwa kiini chake.

Kwa nje ni zuri, ndiyo kwanza kinachokukera. Matofali, madirisha yaliyopangwa sawia, bustani ya mboga mbele. Ukiingia ndipo unaanza kuona kuta. Ua wa wanaume, ua wa wanawake, wanyonge huku, wenye nguvu kule, watoto mbali. Hata ngazi zimegawanywa: mume anapandia hapa, mke anapandia pale, ukuta katikati. Nilisimama kwenye mojawapo ya ngazi zile. Vidato vimelika katikati, vimekuwa kama sahani. Unaweza kusikia hatua za mtu upande wa pili na usimwone. Siku ile alikuwa mtalii na mtoto wake, na mtoto alikuwa akihesabu vidato kwa sauti. Nikamsubiri amalize.

Southwell ikawa mfano. Sheria Mpya ya Maskini ya 1834 ilikusanya parokia katika miungano karibu 600, kila mmoja na nyumba yake ya kazi, na kanuni moja kuu: hali ya anayesaidiwa iwe mbaya kuliko hali ya kibarua wa chini kabisa anayejitegemea. Ukiifikiria, kibarua huyo alikuwa anakula viazi na mkate mkavu. Ili umzidi kwa ubaya bila kumuua mtu, huna budi kutumia vitu vingine: sare, ukimya, kumtenga na mkewe. Ilipofika 1847 ndipo wenzi waliozidi miaka 60 waliporuhusiwa kisheria kukataa kutenganishwa.

Kule Andover wanaume walipewa kazi ya kuponda mifupa ya mbolea. Mwaka 1845 ikajulikana kwamba walikuwa wanaigombania, wakiguguna uboho na vipande vya nyama vilivyoozea juu yake. Bunge likachunguza, tume iliyokuwa inasimamia nyumba hizo ikavunjwa 1847. Nyumba zenyewe zikaendelea.

Kwangu mimi, hata hivyo, lililovunja mlango ni jambo jingine. Miaka miwili kabla ya sheria hiyo, 1832, ilipita sheria ya kuwapa wanafunzi wa udaktari maiti za kupasua. Maiti gani? Zisizodaiwa na ndugu. Na asiyedaiwa, mara nyingi, ni aliyefia nyumba ya kazi.

Fikiria basi mzee wa 1840 anayetazama jengo lile. Si njaa inayomtisha. Njaa anaijua.

Na hapa kuna jambo lililonichanganya, nikarudi kulisoma mara ya pili. Wengi wa waliosaidiwa hawakuwahi kulala humo hata siku moja. Miaka ya katikati ya karne ya 19, zaidi ya wanane katika kila kumi waliendelea kupata posho na mkate wakiwa majumbani kwao, kwa sababu ni nafuu zaidi. Kwa hiyo jengo lilifanya kazi yake likiwa limesimama tu pale barabarani, kila mtu akipita analiona akienda sokoni.

## Kisanduku chenye kufuli tatu

Walifanya nini sasa? Walifanya tunachofanya sisi.

Walianzisha vyama. Wanaume wa mtaa wanakutana kilabuni mara moja kwa mwezi, kila mmoja anatoa peni zake, zinaingia kwenye kisanduku cha mbao. Mwanachama akiugua anapata posho, akifa anazikwa kwa heshima na wenzake wanatembea nyuma ya jeneza. Bunge lilivitambua vyama hivyo 1793, na mwaka 1803 vilikuwa na wanachama karibu 700,000. Kisanduku kilikuwa na kufuli tatu, funguo kwa watu watatu tofauti, kisifunguliwe mpaka wote wawepo.

Kufuli tatu! Mama yangu ni mshika ufunguo wa pili kwenye kikoba chao. Nilipiga picha kisanduku kimoja nilichokiona kwenye kabati la makumbusho nikamtumia kwenye simu ya dada. Jibu likaja kwa sauti: "Chetu ni cha bati. Hicho cha mbao mchwa watakula hela."

Waliokosa cha chama walilipia bima ya mazishi, peni moja kwa wiki, mkusanyaji akipita mlango hadi mlango. Watu walikubali kulala njaa kuliko kukosa peni hiyo. Wenye shibe waliwacheka kwa kujali kufa kuliko kula. Hawakuwa wamesoma sheria ya 1832, au walikuwa wameisoma vizuri sana.

Tarehe 1 Januari 1909 serikali ilianza kulipa pensheni ya uzee: shilingi 5 kwa wiki kwa aliyefika miaka 70 na kipato chake hakizidi pauni 21 kwa mwaka. Mamia ya maelfu walijitokeza mwaka huo wa kwanza. Ililipwa posta, dirisha lile lile la stempu, na nadhani siri ya kupendwa kwake ni dirisha hilo. Hakuna msimamizi, hakuna beji. Ila mwanzoni aliyekuwa amepokea msaada wa maskini hivi karibuni alinyimwa, mpaka kizuizi hicho kilipoondolewa 1911. Yaani ulishafunguliwa mlango, lakini walimtazama kwanza mtu begani.

## Jumapili

Binti yake alikuja na keki, kama kawaida. Mzee alikuwa hospitali, ile kubwa ya mjini, hivyo tulibaki wawili jikoni tukipanga dawa zake. Nikamuuliza kuhusu lile jengo.

Bibi wa mzee aliishi na familia, akaniambia. Ndiyo, nyumba moja, watu hao hao wasio na undugu. Baba wa mzee alikuwa mchimba makaa asiye na kazi, miaka ya 1930. Tangu 1931 ofisa alikuwa anapita nyumbani kupima kipato cha kaya nzima kabla mtu hajapewa posho ya kukosa kazi: mtoto anapata nini, nyanya anapata nini. Bibi alikuwa na pensheni yake ya shilingi 10. Ikahesabiwa. Posho ya mwanawe ikakatwa kwa sababu alikuwa anaishi na mama yake.

Bibi akafunga mzigo. Alipanga chumba, akaugua, akaishia kwenye lile jengo la matofali mekundu, nyumba ya kazi ya mji huo. Wakati huo lilikuwa chini ya halmashauri ya kaunti na lilishabadilishwa jina, lakini mjini hakuna aliyetumia jina jipya. Mzee alikuwa na miaka sita walipompeleka kumtazama. Alimkuta amevaa gauni ambalo halikuwa lake.

Tarehe 5 Julai 1948 Sheria ya Maskini ilifutwa rasmi, na pamoja nayo ule wajibu wa tangu 1601 wa watoto kuwatunza wazazi. Siku hiyo hiyo huduma ya afya ya taifa ikaanza, na nyumba nyingi za kazi zikageuzwa hospitali. Vitanda vya wazee vikawekwa humo humo. Ndiyo maana kizazi cha mzee wangu ukiwaambia "unakwenda hospitali" wanasikia kitu kingine.

"Nimemwomba aje akae kwangu mara nne," binti akasema. Alikuwa anakata keki vipande vidogo kuliko inavyohitajika. "Unajua ananijibu nini? Hakuna mtu atakayekuja kunihesabu nyumbani kwako."

Sikuwa na la kusema. Nikala keki.

Garini jioni sikusimulia. Wiki hiyo hiyo dada alikuwa amenipigia kutoka nyumbani: mkutano wa kijiji umesomewa orodha ya kaya maskini, jina la mama limo, na mama akasimama mbele ya watu wote akataka lifutwe. "Mimi nina mtoto Uingereza." Tulicheka sana kwenye simu, mimi na dada. Nilipokata ndipo nikakumbuka kwamba mwezi ule sikuwa nimetuma kitu.

Kabla hajaondoka, binti alinieleza jambo moja zaidi, kama kwa bahati, akiwa anatafuta funguo za gari. Huku England matunzo ya nyumbani si bure kwa kila mtu. Mwenye akiba inayozidi pauni 23,250 anajilipia mwenyewe. Mzee ana akiba. Alifanya kazi mgodini miaka 40 na hakuwahi kununua gari jipya. Kila saa ninayokaa pale, kila soksi, inatoka kwenye kitabu chake cha benki.

Na mimi nilikuwa nampigia kelele sikioni, asubuhi na jioni, kwamba ni bure.

Alirudi Ijumaa, kifua kikiwa na nafuu. Jumamosi saa moja na robo nilikuwa tena magotini, soksi ya kwanza imeshapanda, ya pili ninaikunja tayari.

"Nani anakulipa, bata wangu?"

"Wewe, Mzee. Hela yako mwenyewe."

Akanitazama kwa muda. Nje lori la taka lilikuwa linarudi nyuma likilia.

"Zinatosha?"

"Zinatosha."

Akanyoosha mguu wa pili.